Majid Majidi wa Iran, mutu wa filme anayejua bei ya viatu



Leo tunaacha kidogo mambo ya kontra na ya paye, lakini hatuendi mbali sana. Tunaongea juu ya mutu mumoja wa Iran, jina lake Majid Majidi. Alianza kazi kama mwigizaji, kisha akakuwa mutengenezaji wa filme, na leo jina lake linajulikana katika inchi nyingi. Kwa nini yeye, wakati kuko wengine wengi? Juu ndani ya filme zake tuliona vitu ambavyo hatuonake kwenye televizyo: kodi ya nyumba iliyopita miezi tano, kapita anayeshika franga ya mufanya kazi, mutoto anayechimba chini ya udongo kwa faida ya mutu mwingine. Filme za vita na za mapenzi tuko nazo nyingi. Filme ambayo ndani yake watu wanahesabu franga ya mwisho wa mwezi, ile haiko nyingi.

Kwanza tumuweke mahali pake. Iran ni inchi kubwa ya Asia, wanaongea Kifarsi, na sehemu kubwa ya watu ni Waislamu wa Shia. Muji mukubwa ni Tehran. Tehran imejengwa kwenye muteremko wa milima ya Alborz: matajiri wanakaa juu, kaskazini, kwenye miti na hewa ya baridi, wafanya kazi na wageni wanakaa chini, kusini. Mutu wa Lubumbashi ao wa Kolwezi hahitaji maelezo marefu kwa mambo ya namna ile. Tena Iran ni inchi ya migodi sawa yetu. Wako na shaba, wako na chuma, wako na makaa ya mawe. Tarehe 3 Mei 2017 gazi ililipuka ndani ya mugodi wa makaa wa Zemestan-Yurt, katika jimbo la Golestan, na wachimbaji 43 wakakufa. Septemba 2024 gazi iliuwa tena watu zaidi ya 50 kule Tabas. Tunasema hayo ili musome yanayofuata mukijua tunaongea juu ya watu wa namna gani.

Majidi alizaliwa Tehran katika mwaka wa 1959. Akiwa na miaka 14 alikuwa tayari anacheza teatre na vikundi vya vijana, kisha akaenda kusoma kazi ile kwenye masomo ya teatre ya muji. Katika 1979 mapinduzi yalimuondoa mufalme, Shah, na serikali ya viongozi wa dini ikaingia. Sinema nyingi zilikuwa zimechomwa moto ao kufungwa, na wengi walifikiri filme ya Iran imekufa. Kumbe hapana. Kijana Majidi alianza kuonekana mbele ya kamera.

Kazi yake ya uigizaji inayokumbukwa zaidi ni katika filme Boycott ya 1985, ya Mohsen Makhmalbaf. Makhmalbaf huyu, akiwa na miaka 17, alikuwa amemupiga polisi wa Shah kisu, akafungwa gerezani mpaka mapinduzi yakamufungua. Katika Boycott, Majidi anacheza kijana wa siasa za kushoto ambaye serikali ya Shah imemuhukumu kufa. Wenzake wa chama wanataka afe vizuri ili wapate shujaa. Yeye anaogopa, na imani yake kwa chama inaanza kupasuka. Tuseme wazi: filme ile ilitengenezwa ili kuwapiga watu wa kushoto, na sisi wa sendika hatuipendi kwa kila kitu. Lakini uso wa Majidi ndani ya ile selule unabakia kwenye macho. Mutu aliyeachiwa peke yake na wale waliosema wako pamoja naye: kile kitu atakirudilia maisha yake yote, hata wakati yeye mwenyewe amekaa nyuma ya kamera.

Baada ya filme fupi kadhaa, filme yake ya kwanza ndefu ilitoka katika 1992, jina lake Baduk. Ni mambo ya mutoto yatima na dada yake karibu na mupaka wa Pakistan. Dada anauzishwa, kaka anabebeshwa magendo kwenye mugongo. Filme ile ilifika mpaka Cannes, Ufaransa. Katika 1996 ikafuata Pedar, maana yake Baba: kijana wa miaka 14 anatoka kufanya kazi mujini juu ya kulisha mama na dada zake, anarudi na zawadi, anakuta mama ameolewa na polisi. Kwa wale wanaotoka Kasai ao Kivu kuja kutafuta kazi huku kwetu, tunawaacha waitazame wenyewe.

Lakini filme iliyomufungulia mulango wa dunia ni ya 1997, Bacheha-ye Aseman, ao Watoto wa Mbingu. Kwa Kifaransa iliitwa Les Enfants du ciel. Mambo yake unaweza kuyaelezea kwa dakika moja. Mutoto Ali anapeleka viatu vya dada yake Zahra kwa fundi. Wakati wa kurudi anasimama kununua viazi, na mutu anayeokota takataka anaviondoa viatu bila kujua. Baba hana franga ya kununua vingine, mama ni mugonjwa, mwenye nyumba anapiga kelele juu ya kodi ya miezi tano. Basi watoto wanakubaliana kufichia wazazi. Kule wasichana wanasoma asubuhi, wavulana kisha saa sita. Zahra atavaa viatu vya Ali asubuhi, atakimbia kumurudishia kwenye kona ya njia, Ali naye atakimbia masomo. Filme nzima ni watoto wawili wanaokimbia juu ya jozi moja ya viatu.

Kuko pahali ambapo kila mara tunasimama. Baba anakaa chini na kuvunja-vunja sukari ya musikiti. Njo kazi aliyopewa juu ya ibada. Sukari imejaa mbele yake. Zahra anamuletea chai, baba anaomba sukari. Zahra anashangaa, anamuonyesha ile yote iliyo mbele yake. Baba anajibu kwamba ile ni ya musikiti, wamemuaminisha nayo, si ya kuweka ndani ya chai yake. Ile dakika haina muziki, haina kilio. Mwalimu wa kweli wa sinema hakuombi ulie. Anakuonyesha mutu masikini na sukari kilo nyingi, anakuachia wewe.

Halafu baba na Ali wanapanda baisikeli kwenda juu, kaskazini ya Tehran, kwa matajiri, kutafuta kazi ya bustani. Mbele ya kila mulango kuko mashine ya kuongea ndani, na baba, mutu muzima, hajui aseme nini kwa sauti inayotoka kwenye ukuta. Ni mutoto anayeongea kwa pahali pake. Wakati walikosa milango mingi, wakapata kazi moja, na mwenye nyumba akamulipa baba muzuri, baba anaanza kuhesabu ndoto zote njiani: atanunua hiki, atanunua kile. Na freni ya baisikeli inakatika kwenye muteremuko. Sisi wote tunajua ile siku ya paye inayokwisha kabla hujafika kwenye lopango.

Mwisho, masomo yanatangaza mbio. Zawadi ya mutu wa tatu ni viatu vya michezo. Ali anataka tu kuwa wa tatu. Anakimbia, anaanguka, anaamuka, na kwa bahati mbaya anakuwa wa kwanza. Walimu wanamunyanyua juu, wanamupiga foto, naye macho yamejaa machozi. Kule mujini, bila yeye kujua, baba amekwisha kununua viatu. Vinaonekana nyuma ya baisikeli. Majidi hakuonyeshi wakati vinafika nyumbani. Ali anatia miguu yenye malengelenge ndani ya maji ya lopango, na samaki wadogo wekundu wanakuja kuizunguka.

Watoto wale hawakuwa waigizaji wa kazi, na sehemu ya filme ilipigwa kwa kamera iliyofichwa ndani ya njia za Tehran, ili watu waendelee na mambo yao. Katika 1999 ikawa filme ya kwanza ya Iran kuingia kati ya zile tano zinazopigania Oscar ya filme za inchi za kigeni. Oscar ilichukuliwa na Roberto Benigni wa Italia. Kwenye festivale ya Montréal, kule Canada, Majidi alikuwa amekwisha kupata zawadi kubwa katika 1997. Akaipata tena katika 1999 na filme Rang-e Khoda, Rangi ya Mungu, juu ya mutoto kipofu ambaye baba yake mujane anamuona kuwa muzigo. Na mara ya tatu katika 2001. Ile ya 2001 njo tunataka kuongea juu yake muda murefu.

Jina lake ni Baran, maana yake mvua. Inapita kwenye shantiye ya kujenga nyumba ya gorofa ndani ya Tehran. Wakati ule Iran ilikuwa na wakimbizi wa Afghanistan zaidi ya milioni moja, waliofukuzwa na vita tangu jeshi la Soviet lilipoingia kwao katika 1979. Wengi hawana karte ya kazi. Kapita, anaitwa Memar, anawachukua juu wanakubali franga kidogo na hawawezi kulalamika popote. Siku enspektere anafika, Waafghani wanakimbia kujificha ndani ya jengo mpaka aondoke.

Muafghani mumoja, Najaf, anaanguka kutoka juu na kuvunjika muguu. Hakuna kontra, hakuna hospitali ya kompanyi, hakuna kitu. Kesho yake anatuma mutoto wake, Rahmat, akamate nafasi. Rahmat hawezi kubeba mifuko ya simenti. Kapita anamuhurumia, anamupa kazi nyepesi ya kupika chai na kununua chakula. Ile kazi ilikuwa ya Lateef, kijana wa Iran, mupenda kelele na mupenda ngumi. Sasa Lateef anatumwa kubeba simenti.

Na hapa, wandugu, tuangalie muzuri. Lateef anamuchukia nani? Kapita aliyemubadilisha kazi? Kapita ambaye tena amemushikia mushahara wa mwaka muzima? Hapana. Anamuchukia Muafghani. Anaharibu jiko lake, anamupiga. Kila siku kwenye kazi zetu tunasikia maneno yale yale: mufanya kazi mwenye kontra anamutukana wa sutretansi kwamba anaharibisha bei, wa sutretansi anamutukana wa kontra kwamba anakula peke yake, na wote wawili wanamutukana creuseur. Tulijaribu kueleza jambo hili kwa makaratasi na kwa hotuba. Siku moja tulionyesha Baran ndani ya saluni ya mikutano, televizyo moja, viti vya plastiki, na mundugu mumoja wa nyuma akasema paka hivi: "Kumbe njo shiye." Watu walicheka, kisha wakanyamaza.

Filme inageuka siku Lateef anaona kivuli nyuma ya pazia, mutu anachana nywele ndefu. Rahmat ni musichana. Jina lake ni Baran. Ndani ya filme nzima yule musichana hasemi neno hata moja, na bado unajua yote anayofikiri. Kutoka ile saa Lateef anakuwa mulinzi wake bila kumuambia. Enspektere wanapomukamata Baran, Lateef anapigana nao, anapelekwa polisi, na kapita analazimishwa kuwaondoa Waafghani wote. Lateef anaenda kumutafuta, anamukuta ndani ya muto, kwenye maji ya baridi, anabeba mawe makubwa pamoja na wanawake wengine. Wamama wanaobeba na kuosha mawe huku kwetu hawahitaji maneno chini ya picha pale.

Lateef anarudi kwa kapita, anadanganya kwamba dada yake ni mugonjwa, anadai franga yake ya mwaka. Anaituma kwa njia ya siri kwa familia ya Baran. Haifiki, inaenda kwa mwingine mwenye shida kubwa zaidi. Basi anauzisha kitu cha mwisho alicho nacho, karte yake ya kitambulisho. Fikiri: mutu wa inchi anauza karatasi inayomutenganisha na mugeni. Na ile franga inasaidia nini? Inasaidia familia ya Baran kurudi Afghanistan. Ameinunua safari ya kumupoteza. Baran anapanda gari, kiatu chake kinashikwa na matope, Lateef anamurudishia. Anabakia na alama ya kiatu ndani ya udongo, na mvua inaijaza maji.

Memar yule, na baba wa sukari tuliyemuongea juu yake, ni mutu mumoja: Reza Naji, muzee wa Tabriz, Muazeri, ambaye Kifarsi chake kinatoka na sauti ya kwao. Majidi alimurudilia tena katika filme ya 2008, Wimbo wa Shomoro. Pale Naji ni Karim, mufanya kazi kwenye shamba la mbuni, wale ndege wakubwa. Mbuni mumoja anakimbia, Karim anafukuzwa kazi. Anaenda Tehran na moto yake juu ya kutengeneza mashine ya masikio ya binti yake. Mutu anaruka nyuma akifikiri ni taksi, na Karim anakuwa taksi-moto bila kuomba. Franga inaingia, na roho yake inaanza kuharibika. Anakusanya vyuma na milango ya zamani, hata mulango ambao muke wake alimupa jirani anaenda kuurudisha, anaubeba mugongoni katikati ya shamba. Ni filme ya kuchekesha kuliko zingine. Kule Berlin, Ujerumani, Naji alipewa zawadi ya mwigizaji bora wa mwaka ule, na hakuna mutu aliyemuona na mulango mugongoni atakayekataa.

Sasa tuseme na lile linalotusumbua. Ndani ya filme zote hizi, masikini anasaidia masikini, anajinyima, anatoa mpaka karte yake. Lakini hakuna siku wafanya kazi wanaketi pamoja na kumuambia kapita: lipa. Hakuna delege, hakuna mugomo. Memar si shetani, ana huruma yake, na filme inamuachia na mushahara wa watu mukononi. Wengine wetu wanasema Majidi anapendezesha umasikini ili wazungu wa festivale walie. Tunafikiri ile ni kusema sana, lakini tunaelewa wanatoka wapi.

Tuangalie pia inchi anayofanyia kazi. Katika 2005 madereva wa basi wa Tehran walisimamisha upya sendika yao. Kiongozi wao, Mansour Osanloo, alifungwa zaidi ya mara moja, na akakaa gerezani miaka. Katika 2010 Jafar Panahi, mutengenezaji mwingine mukubwa wa filme, alihukumiwa miaka 6 ya gereza na kukatazwa kutengeneza filme miaka 20. Aliendelea kwa siri. Majidi hakuchagua njia ile. Yeye ni mutu wa dini, anakaa karibu na serikali kuliko Panahi, na katika 2015 alitoa filme juu ya utoto wa Mutume Muhammad, moja ya zile zilizokula franga nyingi kabisa katika historia ya sinema ya Iran. Iliamusha maneno hata kati ya Waislamu wenyewe. Al-Azhar ya Misri iliipinga. Sisi hatutaki kumuhukumu mutu kwa sababu hakuenda gereza. Lakini mutu anayetafuta mugomo ndani ya sinema ya Majidi ajue atakosa, na ajue pia sababu.

Halafu katika 2020, akiwa na miaka zaidi ya 60, alirudi kwa watoto wa barabara. Filme inaitwa Khorshid, maana yake Jua, na inafunguliwa na maneno ya kuitoa kwa watoto milioni 152 wanaofanyishwa kazi duniani. Ali, mutoto wa miaka 12, na marafiki zake watatu wanaishi kwa kazi ndogo na wizi mudogo. Mukubwa mumoja wa mtaa anamuambia kwamba chini ya masomo fulani kuko mali imefichwa. Ili kuifikia, lazima waandikishwe kama wanafunzi. Basi asubuhi wanasoma, na kwa siri wanashuka chini ya nyumba kuchimba.

Tumechimba maisha yetu yote, tunajua kutazama mutu anayechimba. Ule mutoto ndani ya ule tundu, taa kidogo, vumbi kwenye midomo, udongo unaodondoka kwenye shingo, haukupambwa. Rouhollah Zamani, kijana aliyemucheza Ali, alipewa zawadi ya mwigizaji kijana kule Venise, Italia. Ndani ya filme wenzake wanaanza kuachana na shimo mumoja mumoja.  Mumoja, Muafghani, ana dada anayeuza vitu ndani ya metro, na polisi wanamukamata. Masomo yenyewe hayana franga ya kodi, mwenye nyumba anataka kufunga mulango. Ali peke yake anaendelea kushuka, na anachokikuta mwisho si mali yake.

Huku kwetu masomo ya musingi ni bure tangu 2019, na bado siku za kazi tunawaona watoto na mifuko yao kwenye njia ya carrière. Kwa wazazi tunashauri hivi: anzeni na Watoto wa Mbingu pamoja na watoto wadogo, haina kitu cha kuwaogopesha. Wimbo wa Shomoro ni ya familia yote. Baran itazameni watu wa kazi pamoja, wa kontra na wa sutretansi kwenye saluni moja. Na Khorshid, mukaketi na wavulana wenu wa miaka 12 ao 13, wale wanaoanza kusema wanataka kwenda kutafuta franga yao wenyewe. Musiwaambie kitu mbele ya filme, muwaache waone ule tundu.